Cheni ya transfa kwenye Jeep Cherokee: kujua kama imechoka, na kuibadilisha

Gari linakwenda vizuri kwenye 2H (magurudumu ya nyuma tu). Ukiweka 4L (magurudumu yote manne, gia nzito) na kupanda kilima chenye mawe, chini ya sakafu panatoka kishindo kimoja kizito, gari linashtuka, kisha linaendelea kupanda. Ukiongeza mafuta, kishindo kinarudi. Hapo wengine hukimbilia kufungua difu ya mbele, na wengine huagiza cheni ya transfa (boksi linalogawa nguvu kati ya ekseli ya mbele na ya nyuma) kabla hata ya kulala chini ya gari. Kosa la kwanza ni kufungua bila kupima. La pili, na ndilo baya zaidi, ni kufunga cheni mpya huku kilichoiua ya zamani kikiachwa palepale. Cheni mpya itaharibika kwa njia ileile, na kazi ya siku nzima utairudia.

Maelezo haya ni ya Jeep Cherokee XJ yenye transfa ya NP231, ile ya nafasi nne: 2H, 4H (magurudumu manne, gia ya kawaida), N (nyutro) na 4L. Wrangler TJ ya kawaida hutumia transfa hiyohiyo, ikitofautiana kwenye mambo madogo ya mkia na liva. Kabla ya kununua chochote tafuta kibati cha duara kilichofungwa upande wa nyuma wa transfa. Kina namba ya modeli na uwiano wa gia nzito, 2.72. Kikisomeka 242, hiyo ni transfa yenye nafasi ya ziada ya 4x4 ya kudumu. Upimaji unafanana kwa sehemu kubwa, lakini vipuri na kiasi cha oili ni tofauti.

## Cheni inavyofanya kazi na inavyochoka

Shafti kuu ya transfa inapokea nguvu kutoka giaboksi na kuipeleka moja kwa moja kwenye propela ya nyuma. Juu ya shafti hiyo kuna sproketi (gurudumu la meno la cheni) inayozunguka bure. Ukiweka 4H, foki (uma unaosukumwa na liva) inasukuma kola (pete yenye meno), kola inaifunga sproketi kwenye shafti, na cheni pana ya meno inahamisha nguvu hadi sproketi ya pili iliyo kwenye shafti ya mbele. Sproketi hizo zina idadi sawa ya meno, kwa hiyo propela ya mbele na ya nyuma zinazunguka sawasawa. Likumbuke hilo, maana kipimo muhimu kuliko vyote kinalitegemea.

Watu husema cheni imevutika. Chuma chenyewe hakijavutika; kilicholika ni pini na matundu ya viungo. Kila kiungo kikipoteza sehemu ndogo tu ya milimita, viungo vyote kwa pamoja vinaifanya cheni kuwa ndefu. Hapo mambo mawili hutokea. Upande usiobeba mzigo unapepea na kugusa ukuta wa aluminiamu wa transfa. Na mzigo ukiwa mkubwa, cheni inapanda juu ya meno ya sproketi hadi inaruka jino, na kishindo unachokisikia ni mruko huo. Kwenye 4L nguvu inazidishwa mara 2.72 kabla haijafika kwenye cheni. Ndiyo maana cheni inayovumilia 4H kwa miezi inaweza kuruka siku ya kwanza ukiweka 4L.

Kuna jambo ambalo wenye magari wengi hawalijui. Cherokee za miaka ya mwisho, hadi uzalishaji wa XJ nchini Marekani ulipokoma mwaka 2001, hazina kifaa cha kutenganisha ekseli ya mbele kama kilichokuwa kwenye matoleo ya zamani. Magurudumu ya mbele yanazungusha propela ya mbele na cheni muda wote, hata ukiwa 2H kwenye lami. Cheni haibebi mzigo wakati huo, lakini inazunguka. Oili ikipungua au ikichanganyika na maji, cheni inalika hata kwa mtu asiyegusa liva ya 4x4 mwaka mzima.

## Dalili, na kila moja inasema nini

Kishindo kwenye 4x4, chini ya mzigo tu, hasa 4L, mlimani au kwa rivasi. Hii ndiyo dalili ya cheni iliyochoka. Lakini inatokana pia na meno yaliyovunjika ya difu ya mbele, na kola inayoteleza kwa sababu plastiki za foki zimekwisha. Vitu hivyo vitatu vinatoa sauti zinazofanana mno ukiwa kwenye kiti cha dereva, na sikio peke yake halitoshi. Usiamue hapa, nenda kwenye kipimo cha alama.

Kuchakarika au kukwaruza katikati ya gari, kunakosikika zaidi unapoachia mafuta au unapopita kwenye mashimo kwa mwendo mdogo. Hapa uwezekano wa cheni ni mkubwa, kwa sababu ndio wakati upande wake uliolegea unapiga ukuta. Kagua kwanza kinga ya joto ya ekzosi, ambayo hutoa sauti karibu sawa: ipige kwa ngumi, ikilia sauti ileile umeshapata jibu bila kufungua nati hata moja.

Gari linakaza kwenye kona, tairi zinaruka na usukani unakuwa mzito ukiwa 4H kwenye lami. Cheni haina tatizo. NP231 haina difu ya katikati, na kwenye kona magurudumu ya mbele husafiri njia ndefu kuliko ya nyuma. Kwenye vumbi au matope tairi huteleza kidogo na kuondoa tofauti hiyo. Kwenye lami kavu tofauti inabaki ndani ya shafti, krosi (viungo vya kupinda vya propela) na cheni. Rudi 2H. Liva ikikataa kutoka, rudi nyuma mita chache ukiwa umenyoosha usukani, itaachia.

Liva inaruka yenyewe kutoka 4L au 4H. Anzia nje ya transfa: vipira vya viungo vya liva vilivyokwisha, urekebishaji uliosogea, au maunti ya giaboksi iliyokatika na kuruhusu transfa kunyanyuka chini ya mzigo. Vyote vikiwa sawa, tazamia plastiki za foki. Cheni hairushi liva.

Mvumo unaopanda na kushuka kwa kufuata mwendo wa gari, pasipo kugonga: beringi au oili kidogo. Mtetemo kwenye mwendo wa kati bila sauti yoyote ndani ya transfa: krosi za propela, hasa ile krosi mbili ya propela ya mbele iliyo upande wa transfa, ambayo hukauka grisi kabla ya nyingine zote.

Magurudumu ya mbele hayavuti kabisa ukiwa 4x4. Cheni inaweza kuwa imekatika, ingawa kwa kawaida hupiga kelele muda mrefu kabla ya kufikia hapo. Kwenye Cherokee za zamani, hadi toleo la 1991, kagua kwanza mipira ya hewa ya kifaa cha kutenganisha ekseli ya mbele. Ikipasuka, transfa inafanya kazi yote na ekseli haishiki.

## Vipimo kabla ya kufungua

Anza na oili, kwa sababu ni bure. Fungua kizibo cha juu kabla ya kile cha chini, ili usije ukamwaga oili kisha ukakuta cha juu kimegoma na huna pa kujazia. Mwaga kwenye beseni safi na uitazame juani. Unga mwembamba wa kijivu ni wa kawaida kwenye transfa iliyotembea sana. Vipande vinavyong'aa ambavyo sumaku haivuti ni aluminiamu, na aluminiamu hiyo imetoka kwenye ukuta uliokwanguliwa na cheni. Vipande vya chuma vyenye umbo, kama jani jembamba au kipande cha pini, ni vya cheni au beringi. Rangi ya maziwa ni maji.

Kipimo cha pili ni cha mkono. Weka gari kwenye usawa, ziba magurudumu kwa magogo, vuta handibreki, weka P, kisha 4H. Fungua propela ya mbele: bolti nne za mikanda (vipande vya chuma vinavyoshika krosi) upande wa difu, nne upande wa transfa. Vichwa vya bolti za mikanda ni vidogo na vinazungushika haraka, kwa hiyo tumia soketi ya pembe sita na usafishe kutu kwanza. Sasa shika yoki ya mbele ya transfa (kichwa cha shafti kinachopokea propela) na uizungushe huku na huku. Ulegevu kidogo wenye mwisho mkali ni wa meno ya kola na ya shafti, na ni wa kawaida. Ukikutana na mzunguko mrefu, laini, na ukasikia mnyororo ukijipanga ndani, cheni imelegea. Ukiwa hapohapo nyanyua yoki juu na chini: ikicheza, beringi ya shafti ya mbele imekwisha. Hakuna nyuzi rasmi za kulinganisha nazo, kwa hiyo kipimo hiki kinatoa dalili tu.

Uthibitisho unatoka kwenye kipimo cha alama. Rudisha propela na ujaze oili tena. Endesha kwenye 4H mita ishirini hivi, kwenye kokoto au vumbi, usukani ukiwa umenyooka, kisha simama. Chukua rangi nyeupe. Weka alama moja kwenye yoki ya mbele ya transfa na nyingine kwenye mwili wa transfa mkabala nayo. Fanya hivyohivyo nyuma, kwenye propela na kwenye mkia wa transfa. Bila kutoa liva kwenye 4H, nenda ukakifanye kishindo kitokee: mlima mfupi, mwendo mdogo, mafuta ya wastani. Kikitokea mara tatu au nne inatosha. Kuendelea kunaweza kupasua mwili wa transfa. Simama sehemu tambarare, sogeza gari mbele polepole hadi alama ya nyuma irudi mahali pake, weka magogo, kisha tazama ya mbele.

Alama ya mbele ikiwa imerudi mahali pake, au imepungukiwa nyuzi chache za ulegevu wa kawaida, cheni haikuruka. Kishindo kinatoka mbele ya hapo: difu, krosi au shafti ya gurudumu. Ikiwa imehama waziwazi, shafti mbili zilizotakiwa kwenda sambamba zimeachana, na hilo linatokea ndani ya transfa tu: cheni imeruka meno, au kola imeteleza. Kwa vyovyote vile transfa inafunguliwa, na sasa unafungua ukiwa na uhakika.

Kwa 4L rudia kipimo kile kile. Kama 4H ni kimya na kishindo kipo 4L peke yake, anza kuweka alama ukiwa tayari 4L, maana kupita N kunazivuruga.

## Kilichoiua

Swali hili liulizwe kabla ya kuagiza vipuri.

Tairi zisizolingana zinaongoza. Chukua gari lenye 215/75R15 mbele na 235/75R15 nyuma. Kipenyo ni milimita 703 na 733. Kwa kila kilomita moja, tairi ndogo inazunguka takriban mara 18 zaidi. Ukizidisha kwa difu ya 3.55, propela ya mbele inataka kuzunguka kama mara 65 zaidi ya ile ya nyuma kwa kila kilomita, na cheni inazizuia. Tofauti hiyo lazima iishie kwenye utelezi wa tairi, na njia yake inapita kwenye cheni. Tairi mpya mbili na kuukuu mbili za saizi moja zina athari ileile kwa kiwango kidogo. Hata upepo usio sawa unachangia.

Kibaya kuliko tairi ni difu ya kubahatisha. Cherokee nyingi za injini ya lita 4.0 zenye giaboksi otomatiki zina difu ya 3.55, na za giaboksi ya mkono nyingi zina 3.07. Ekseli ya mtumba ikinunuliwa bila kusoma uwiano wake, mbele na nyuma zinatofautiana kwa zaidi ya asilimia 15. Kwenye 2H hutasikia chochote. Ukiweka 4H gari linajivuta, na cheni haimalizi safari nyingi. Kama historia ya gari huijui, nyanyua ekseli zote mbili juu ya stendi, weka N kwenye transfa, zungusha gurudumu moja mizunguko miwili kamili huku la upande wa pili likiwa limezuiwa, na uhesabu mizunguko ya propela. Kwa difu ya kawaida isiyo na loku, hesabu hiyo ni uwiano wa difu. Linganisha mbele na nyuma.

Kisha kuna oili. NP231 inatumia ATF, oili nyepesi ya giaboksi otomatiki: Dexron kwa matoleo ya awali, Mopar ATF+4 kwa ya baadaye. Gereji nyingi hujaza oili nzito ya difu kwa kudhani transfa ni gia kama gia nyingine. Ndani ya NP231 kuna pampu ndogo inayonyonya kupitia bomba lenye chujio na kusukuma oili kwenye shafti kuu. Imeundwa kwa oili nyepesi. Maji nayo huingia kupitia mpira wa kupumulia uliochomoka au uliokatika. Transfa yenye joto ikizama mtoni ghafla, hewa ya ndani inasinyaa na kuvuta maji.

## Vipuri na vifaa

Agiza cheni kwa namba ya kibati na kwa upana. Familia ya 231 ilitoka na cheni za upana wa inchi 1 na inchi 1¼ kutegemea gari, na haziingiliani. Nunua pamoja nayo sili ya shafti ya mbele, sili ya kuingilia kutoka giaboksi, sili ya mkia, nati mpya ya yoki ya mbele na washa yake ya mpira, mpira wa duara wa bomba la kunyonyea oili, plastiki za foki zote mbili, na lita 2 za ATF ili moja ibaki ya kuoshea na kuongezea. Sproketi usinunue mapema, ziamue ukishaziona.

Vifaa: soketi na spana za inchi 9/16 kwa nati za kuunganishia, soketi ya inchi 1⅛ kwa nati ya yoki, ekstensheni ndefu, koleo la serklipi, nyundo ya mpira, spana ya kupimia torki, jeki mbili na stendi nne imara. Transfa ina uzito wa zaidi ya kilo 30 na haina umbo la kushikika. Ukiwa chini yake peke yako bila jeki ya kuibeba, inaweza kukuvunja mbavu.

## Kuishusha

Toa propela ya mbele, kisha legeza nati ya yoki ya mbele transfa ikiwa bado kwenye gari, kwenye P na 4H. Ukishaishusha transfa utahangaika kuizuia yoki isizunguke. Propela ya nyuma weka alama kwenye difu ili irudi ilivyokuwa, ifungue upande wa difu na uivute itoke mkiani. Kama hukumwaga oili, itakumwagikia wewe hapa.

Beba mkia wa giaboksi kwa jeki na kipande cha ubao, kisha toa krosmemba (boriti ya chuma inayokatiza chini na kubeba giaboksi). Kwenye XJ bolti zake zimeingia kwenye nati zilizochomelewa ndani ya fremu, na kutu ikizishika, nati inang'oka na kuanza kuzunguka ndani ambako mkono haufiki. Pulizia mafuta ya kulegeza kutu jana yake, na ukifungua bolti ikakataa, irudishe nusu mzunguko mbele kabla ya kuendelea. Shusha giaboksi sentimita chache tu, ukiangalia injini isiegemee ukutani nyuma na mipira isivutike.

Chomoa waya wa spidi, plagi ya swichi, mpira wa kupumulia na kiungo cha liva. Zimebaki nati sita zinazoshika transfa kwenye giaboksi. Za juu zinahitaji ekstensheni ndefu kutoka nyuma. Ivute transfa nyuma kwa kuinyoosha. Ikiinama inakwama kwenye shafti na kuharibu sili.

Inawezekana kufungua nusu ya nyuma peke yake transfa ikiwa bado chini ya gari, na kazi ikawa fupi. Kama oili ilikuwa safi, sawa. Kama ilitoka na aluminiamu, ishushe. Uchafu uliobaki kwenye nusu ya mbele huwezi kuuosha ukiwa umelala chali.

## Kuifungua

Osha nje kwanza. Toa yoki ya mbele. Simamisha transfa juu ya mbao, mkia ukiangalia juu. Toa ekstensheni ya mkia, serklipi inayoshika beringi ya nyuma, kisha kava la beringi pamoja na pampu. Piga picha kila hatua, hasa mpangilio wa serklipi. Fungua bolti za mwili. Zile mbili za miisho zina washa na pini za kulenga, zitenge. Tenganisha nusu mbili kwa bisibisi pana kwenye nafasi zilizoachwa miishoni kwa kazi hiyo. Usiingize chuma kwenye uso wa kuziba. Mkwaruzo mmoja unavuja maisha yote.

Nusu ya nyuma ikinyanyuka, cheni iko wazi. Ibonyeze kwa ndani kwa vidole viwili katikati ya sproketi, halafu tazama ukuta wa aluminiamu kando yake. Mistari inayong'aa yenye upana wa cheni inamaliza ubishi. Kuitoa, nyanyua shafti ya mbele kutoka kwenye beringi yake, iinamishe kuelekea shafti kuu, na cheni inatoka kwenye sproketi ya juu. Shafti kuu inaweza kubaki mahali pake.

Laza cheni ya zamani kando ya mpya, zote zimenyooshwa kwa nguvu sawa. Tofauti ya urefu utaiona. Zishike pia kwa ubavu, kila moja ikiwa mlalo: iliyochoka inapinda na kuning'inia zaidi. Kama cheni ya zamani haijarefuka na ukuta hauna mistari, usiifunge mpya ukashangilia. Tazama kola na plastiki za foki, kwa sababu ndizo zilizosogeza alama zako.

Sproketi zichunguze kwa ukucha. Meno yaliyolika upande mmoja, yenye ncha iliyopinda au ngazi unayoisikia kwa ukucha, yanabadilishwa pamoja na cheni; cheni mpya juu ya meno mabovu italika kufuata ubovu huo. Sproketi ya juu inatoka baada ya kutoa serklipi na kitovu cha kola. Zungusha beringi zote kwa mkono zikiwa zimeoshwa. Beringi ndogo ya sindano iliyo kwenye nusu ya nyuma, inayoshika mwisho wa shafti ya mbele, husahaulika, na ikilegea shafti inainama na kula cheni upande mmoja.

## Kuirudisha

Osha kila kitu kwa mafuta ya taa na ukaushe kwa upepo. Safisha sumaku iliyo chini ya nusu ya mbele. Toa chujio cha bomba la kunyonyea na ulitazame kwenye mwanga: mara nyingi limezibwa na vipande vya silikoni vya aliyefungua kabla yako. Uso wa kuziba usafishe kwa kipande cha plastiki. Msasa wa mashine unaacha punje zinazomaliza beringi.

Loweka cheni mpya kwenye ATF. Ivishe kwenye sproketi ya shafti ya mbele, inamisha shafti, vusha upande wa pili kwenye sproketi ya juu, kisha teremsha shafti ikae kwenye beringi. Zungusha kwa mkono mizunguko kadhaa. Badilisha plastiki za foki sasa, hata kama zinaonekana kufaa, kwa sababu bei yake ni ndogo kuliko kushusha transfa tena.

Weka mpira mpya wa bomba la kunyonyea, na unaporudisha nusu ya nyuma hakikisha bomba limekaa ndani ya pampu. Likichomoka, transfa itazunguka imejaa oili na shafti kuu ikiwa kavu. Silikoni iwe uzi mmoja wa milimita 3, upite upande wa ndani wa matundu ya bolti. Inayofinyika nje haina madhara. Inayofinyika ndani inaishia kwenye chujio.

Torki: bolti za mwili Nm 27 hadi 34, nati ya yoki ya mbele Nm 122 hadi 176 yoki ikiwa imezuiwa kwa nondo, nati sita za giaboksi takriban Nm 35, bolti za mikanda ya propela Nm 19. Aluminiamu haisamehe, kwa hiyo fuata spana ya torki, mkono wako usiuamini hapa. Acha silikoni ikauke kwa muda ulioandikwa kwenye tyubu yake.

Jaza ATF kupitia kizibo cha juu, gari likiwa mlalo, hadi ianze kudondoka kwenye tundu. NP231 ya Cherokee inachukua karibu lita 1. NP242 inachukua lita 1.35. Unganisha mpira wa kupumulia na uupandishe juu kadiri unavyofika.

## Baada ya kufunga

Endesha kwanza kwenye 2H kilomita chache, angalia uvujaji, kisha 4H kwenye vumbi, mwisho 4L mlimani. Baada ya kilomita 500 hivi mwaga oili: kijivu kidogo ni sawa, aluminiamu mpya si sawa. Kuanzia hapo ratiba ya kiwanda kwa matumizi ya kawaida ni maili 30,000, yaani kama kilomita 48,000. Gari linalovuka mito au kushinda kwenye matope halifai kusubiri kiasi hicho. Fungua kizibo cha juu baada ya kila safari ya majini na uchovye kidole uone rangi.

Kukwaruza kukiendelea, rudia kinga ya ekzosi na krosmemba, maana huenda transfa inagusa kitu baada ya kurudishwa. Ukisikia mvumo mpya, shuku beringi iliyopigwa nyundo wakati wa kufunga, au bomba la pampu. Kishindo kilekile kikirudi mlimani, weka alama za rangi upya kabla ya kushika spana. Zikihama, kola inateleza au sproketi uliyoiacha haikufaa. Zisipohama, transfa haina kosa: fungua kava la difu ya mbele na uanze kuhesabu meno.